Maiti Aliyekataa Kuomba Radhi

Treni ilishatoka Osaka, inachapa mwendo kwenda magharibi, na mimi nilikuwa bado na damu ya rangi shingoni. Mama mmoja aliyekaa mbele yangu alimfunika mwanawe macho kwa leso.

"Usiogope, mama," nikamwambia. "Ni rangi tu. Mimi ni mwigizaji."

"Ndiyo maana," akajibu, akasogea dirishani.

Aliyenikosa wiki iliyopita asihangaike kuazima gazeti la jirani. Nilizaliwa Hatta Kumaichi. Jina langu la kazi, Mikuriya Senpachi, nilipewa na Mwalimu wangu, Mikuriya Sennosuke, nyota wa filamu za panga pale Kyoto. Kazi yake kufyeka, kazi yangu kufa. Nimekufa mtoni, nimekufa juu ya paa, nimekufa ndani ya pipa la kachumbari.

Siku ile tulikuwa kwenye televisheni, matangazo ya moja kwa moja, hakuna kurudia. Mwalimu akanikata shingoni, na upanga wa mianzi ukanipata kweli kweli hadi meno yakagongana. Nikaanguka. Nikiwa nimelala pale kama maiti mwema, akarudi kinyumenyume akanikanyaga vidole. Akasimama juu yavyo. Akahutubia.

Nikaamka. Nikajipangusa vumbi, nikaiinamia kamera kwa heshima, nikafungua mlango wa karatasi, nikatoka. Nusu ya Japani waliniona.

Wiki iliyopita niliishia hapo, nikipita kwenye vyumba vya kuvalia na wigi mkononi. Sikusema nilichukua nini ukutani.

Katika nyumba ya Mikuriya kila mwanafunzi ana kibao chake, kipande cha mti wa mwerezi kilichoandikwa jina kwa mkono wa Mwalimu mwenyewe, kikaning'inizwa kwenye msumari karibu na mlango. Ukifukuzwa, kibao chako kinatiwa kwenye tanuri la maji ya kuoga. Wenzako wanaoga kwa moto wa jina lako, na hakuna anayekutaja tena.

Changu nilikuwa nimekitia kifuani, ndani ya kimono.

Tulipopita Himeji mtu akaja akaketi kando yangu bila kuomba nafasi. Alikuwa Senzo, mwanafunzi mkubwa wa Mwalimu, kaka yetu sote pale nyumbani. Alikuwa anahema, alidandia behewa la mwisho.

"Kumaichi," akaniita.

"Kumaichi simjui. Huyo alibaki kijijini kwao anavuna vitunguu."

"Usinichekeshe, sina mbavu. Lete kibao."

"Kibao gani, kaka?"

"Hicho kinachokutokeza kifuani kama titi moja."

Yule mtoto mbele yetu akacheka. Mama yake akamfunika na masikio.

Senzo akashusha sauti. "Sikiliza, mdogo wangu. Mwalimu hajakufukuza bado. Rudi nami, weka paji la uso chini, sema yale maneno. Basi. Yamekwisha."

Maneno yenyewe kila mtu wa kazi yetu anayajua. Upanga wa nyota ukikupiga kweli, anayeomba radhi ni wewe. Unapiga magoti na uvimbe wako, unasema: "Samahani, nilikaa vibaya." Nyota hakosei. Mwili wako ndio uliojipeleka penye upanga. Niliyasema maneno hayo tangu ningali mwembamba. Niliyasema nikiwa na jicho lililoziba. Niliwahi kuyasema nikiwa na jino mkononi.

"Kaka Senzo, mimi nilikaa wapi siku ile?"

"Acha mambo hayo."

"Nilikaa penye msalaba wa chaki pale sakafuni. Nani aliuchora?"

Akaanza kufunga upya kamba ya kiatu.

"Uliuchora wewe. Kwa hiyo ama ulichora vibaya, ama yeye alipiga vibaya. Mimi nilikaa vizuri. Siku hiyo nilikaa vizuri kuliko siku zote za maisha yangu!"

Senzo akatazama dirishani. Uso wake ulikuwa na kitu ambacho wakati ule sikukijua.

"Kuna mambo huyajui," akasema.

"Niambie basi."

"Nikwambie wewe? Mdomo wako hauna mlango."

Akashuka Okayama. Treni ilipoanza kusogea alitembea sambamba na dirisha langu, ananielekezea kidole. "Hakuna studio itakayokufungulia! Si Kyoto, si Tokyo! Utakula nini, kibao?"

"Nitakitafuna!" nikamjibu.

Na kweli, nusura nikitafune.

Enzi zile wenye filamu walikuwa na lugha moja. Ukitemwa huku, kule hawakuulizi hata jina. Nilibisha hodi kila nilipopajua. Mlinzi mmoja niliyewahi kunywa naye pombe ya mchele miaka na miaka alinitazama kama nguzo ya umeme. Nikabeba mkoba wangu, nikavuka kwenda kisiwa cha Kyushu, kwenye miji ya makaa ya mawe, ambako hata mvua ilikuwa ikianguka nyeusi.

Huko nikamkuta Bibi Otaki.

Bibi Otaki alikuwa mwenye kikundi cha maigizo cha kutembea. Mwanamke mfupi, mnene, kiko mdomoni, sauti ya mpiga mnada. Alinikuta nimekaa kwenye ngazi za ukumbi wake nakula kiazi cha kuchoma.

"Unajua nini, wewe?"

"Kufa, bibi."

"Kila mtu anajua kufa. Wangu hapa wanakufa kila wakitoka jukwaani, wala siwalipi kwa hilo." Akanisogelea. Akaniondolea nywele usoni kwa ncha ya kiko. "Hebu... Wee! Si wewe yule maiti?"

"Maiti gani?"

"Usinifiche. Nilikuona kwenye televisheni ya kinyozi. Tulikuwa tumejazana mle kama dagaa, kinyozi akamkata mteja sikio kwa mshangao. Ingia ndani. Usimalize hicho kiazi, kuna wali."

Siku ya kwanza alinipa nafasi ya jambazi wa kando. Nikafyekwa, nikaanguka, nikatulia. Ukumbi wote ukanyamaza. Halafu mchimbaji mmoja nyuma kabisa akapaza sauti: "Amka!"

Wakadakia wote. "Amka! Amka! Amka!" Wanapiga sakafu kwa viganja, wanarusha machungwa.

Nikamwangalia Bibi Otaki pembeni ya pazia. Akanipa ishara kwa kiko: amka, mjinga, unangoja nini?

Nikaamka. Ukumbi nusura uanguke.

Wachimbaji wale walikuwa kwenye mgomo. Mabosi wao walikuwa wakiwakanyaga vidole na kuhutubia. Walipomwona mtu amelala chini, amekatwa, halafu anasimama na kujipangusa vumbi, walikuwa hawaoni kichekesho peke yake. Wanaume wazima walilia huku wakicheka. Nikawa mashuhuri kutoka mgodi hadi mgodi. Kwenye matangazo ya ukutani hawakuandika jina langu. Waliandika tu: MAITI YUPO.

Hapo ndipo furaha ilipoanza kunichachia.

"Bibi," nikamwambia siku moja tukikunja mapazia, "nipe maneno ya kusema."

"Ya nini? Wanakuja kukuona ukiamka."

"Nimefanya kazi hii tangu ujana. Sijawahi kusema jukwaani hata 'karibu'. Nalia 'aaa', naanguka. Siku hizi nalia 'aaa', naanguka, naamka. Hayo ndiyo maendeleo yangu?"

Akavuta kiko. "Ukishaamka unataka na kuongea. Watu hamridhiki."

Lakini nililitaka jambo hilo kuliko chakula. Nilitaka niseme kitu, watu wanisikilize, na chini ya uso wangu paandikwe Mikuriya Senpachi, jina nililolilipia kwa shingo yangu.

Akaja mtu amevaa suti, matope hadi magotini. Alikuwa Nishiwaki, kijana aliyeongoza yale matangazo yetu ya Osaka. Kwa ajili yangu walimhamishia kwenye kipindi cha vikaragosi vya watoto.

"Nimekaa na sungura wa kitambaa mwaka mzima," akaniambia. "Umeniharibia maisha, Bwana Senpachi."

"Pole."

"Usiseme pole. Wamenirudisha. Nina mchezo mpya, kila wiki. Kuna mtu mbaya ndani yake, mwenye upanga, asiye na bwana. Ana maneno mengi. Na wiki ya kwanza hafi."

Nilishika mlingoti wa ukumbi nisianguke.

"Wiki ya pili je?"

"Wala ya pili. Nakutaka wewe. Nilikuona kwenye kamera ukiinama. Mtu mwenye uso ule nikimwacha afie kando, mimi ni mwizi."

Halafu akakohoa, nami nikajua ndoano inakuja. Mwalimu Sennosuke bado alikuwa mali ya stesheni ileile. Wakubwa walisema Senpachi haonekani hapa, kwa jina lolote lile, mpaka Mwalimu wake aridhie. Na Mwalimu alitoa sharti moja tu: nije Kyoto, niiname mbele ya nyumba nzima, niseme nilikaa vibaya, nirudishe kibao.

Bibi Otaki aliyasikia yote. Siku ninaondoka alinifungia wali kwa jani la mwani.

"Ukiinama, usirudi hapa," akaniambia. "Ukikataa, njoo. Birika huwa liko motoni."

Nyumba ya Mwalimu ilikuwa vilevile. Viatu vimepangwa mlangoni, harufu ya ubani, baridi ya Kyoto inayopanda kwenye nyayo. Wanafunzi wote walikuwa wamepiga magoti safu mbili, Senzo mbele. Mwalimu alikaa mwisho wa chumba, ameelekea bustani, mgongo umenyooka kama mshale. Mrembo bado, mzee yule.

"Za asubuhi, Mwalimu," nikamwamkia. Ilikuwa alasiri, lakini watu wa kazi yetu kila saa kwetu ni asubuhi.

"Za asubuhi. Umeleta kibao?"

"Nimekuja nacho."

"Kiweke chini. Na kichwa chako kando yake."

Nikapiga magoti. Kupiga magoti si neno, sote tulikuwa tumepiga magoti. Nikakitoa kibao, nikakiweka mbele yangu. Nikaona mabega ya Senzo yanashuka kwa nafuu. Nikafikiri juu ya yale maneno mengi ya yule mtu mbaya, nikafikiri juu ya uso wangu kwa kinyozi, jina likiwa chini yake. Shingo ikaanza kuinama yenyewe kwa mazoea.

Ikafika mahali ikakwama. Palepale palipopigwa.

Nikakiokota kibao. Nikakirudisha kifuani.

"Mwalimu, kichwa changu kimeshapigwa na upanga wako. Hakitapigwa na sakafu yako."

Mtu nyuma yangu alivuta pumzi kama aliyemwagiwa maji. Senzo akanyanyuka: "We mshenzi! Toka! Toka kabla sijaku..."

"Tokeni ninyi," Mwalimu akasema. "Wote. Yeye abaki."

Wakatoka. Mkewe akaleta chai, akaiweka mbele yake, akaondoka bila kuniangalia. Mwalimu akanyoosha mkono kuchukua kikombe. Mkono ukatua kando. Ukapapasa mkeka. Ukapanda taratibu kwenye ukuta wa kikombe kama mdudu anayetafuta njia.

Nikaelewa kwa mkupuo mmoja.

"Tangu lini, Mwalimu?"

"Kabla hujaja nyumbani kwangu. Mwanzo ukungu. Sasa naona mwanga wa taa na weupe wa wigi."

"Na hao wote wanajua?"

"Hao ndio macho yangu. Kila mmoja hugonga kisigino kabla sijampiga, nikajua yuko wapi. Hujawahi kusikia?"

Nilisikia! Miaka yote nilidhani ni mbwembwe za miguu. Mimi peke yangu nilikuwa nakaa kimya penye chaki yangu, kama mbuzi kafungwa.

"Kwa nini hamkuniambia?"

"Senzo alisema mdomo wako hauna mlango."

Hasira ilinijaa hadi masikioni. "Mngeniambia, Mwalimu! Ningekufa vizuri zaidi!"

Akageuza uso kunielekea. Kisha akacheka. Sikuwahi kumsikia akicheka bila kamera. Alicheka hadi chai ikamwagika magotini.

"Senpachi," akasema, na alitumia jina hilo. "Siwezi kuua tena. Safari ijayo nitampasua mtu jicho. Yule kijana, Nishiwaki, katika mchezo wake kuna bwana mzee anayeuawa wiki ya kwanza na mtu mbaya."

"Wewe hujawahi kufa, Mwalimu. Hata mara moja. Iko kwenye mikataba yako."

"Najua. Ndiyo maana nakuomba. Nifundishe kufa."

Tukapatana palepale. Yeye alitaka nisiseme habari za macho yake akiwa hai. Mimi nilitaka kibao changu.

"Na yale maneno siyasemi," nikaongeza.

"Sikukuomba tena uyaseme."

Kumfundisha nyota kufa ni taabu, wasomaji wangu. Alikuwa anaanguka kama anayeketi kula.

"Mwalimu, hapana! Umekatwa tumbo, hujaitwa mezani!"

"Heshima yangu je?"

"Heshima imetoka na utumbo. Magoti kwanza. Halafu bega. Uso mwisho, na usiitafute kamera, we mzee, maiti haitafuti kamera!"

Senzo alikuwa akisimama mlangoni, hanisemeshi, anauma kucha. Mwalimu aliamka na michubuko kila siku. Aliona raha kama mtoto kwenye matope.

Siku ikafika. Osaka, studio ileile. Nishiwaki jasho linamtiririka. Moja kwa moja, hakuna kurudia.

Tukakabiliana. Nikagonga kisigino, kwa nguvu, kushoto kwake, kama tulivyopatana: akisikia, anarudi nyuma kidogo, upanga wangu unapita hewani, anaanguka.

Hakurudi nyuma. Alikuja mbele.

Upanga wangu ukampata mfupa wa bega, kweli kweli. Sauti yake ilisikika hadi kwa wapiga muziki. Akaenda chini: magoti, bega, uso mwisho. Sijaona mtu akianguka vizuri vile, wala mimi sijawahi.

Kamera ikanigeukia. Ilikuwa zamu yangu kusema, mara ya kwanza maishani. Nikasimama juu ya mwili wake, mdomo wazi. Ndipo nikamsikia, uso wake ukiwa umegeukia ukuta, sauti ya chini ambayo kipaza sauti hakikuinasa.

"Samahani," akasema. "Nilikaa vibaya."

Maneno yangu yote yakanipotea. Nishiwaki alikuwa ameshika kichwa kwa mikono miwili. Nchi nzima inangoja.

Nilipofungua mdomo ilitoka sauti nisiyoijua, nzito, na maneno yakarudi moja moja, nikayasema yote hadi mwisho bila kuacha hata moja. Watazamaji walisema mtu mbaya yule alikuwa na machozi, na kwamba ulikuwa ubunifu mzuri.

Kama alikosea hatua au aliichagua, sijui. Masikio yake yalikuwa mazima.

Mwalimu hakuigiza tena. Magazeti yaliandika kwamba alistaafu kwa ajili ya mgongo. Alikaa nyumbani akisikiliza redio, akafa msimu wa mvua, kitandani, na mkewe alimfuata mwaka uliofuata. Bibi Otaki alivunja kikundi migodi ilipofungwa, akafia Beppu, kwenye nyumba ya chemchemi za maji ya moto. Nishiwaki aliongoza michezo mingi, akachoka, sasa anauza ndoano za samaki Wakayama. Mimi nilikuwa mtu mbaya kwa miaka. Halafu nikawa daktari, mtawa, na babu katika tangazo la mchuzi wa soya. Nimefukuzwa mara nyingine, nimehama miji nisiyoikumbuka yote. Jina chini ya uso wangu halikubadilika.

Senzo ndiye mwenye nyumba ya Mikuriya. Juzi alinipigia simu. Anataka kuchukua jina la Mwalimu kwa sherehe kubwa, na anataka vibao vyote virudi ukutani kabla ya siku hiyo. Kuna mtu mpya, anasema, anayestahili kuitwa Senpachi.

"Jina bado nalitumia, kaka."

"Una umri gani wewe, Kumaichi? Lete kibao."

"Njoo ukichukue."

"Miguu hainibebi. Njoo wewe."

Mkoba wangu uko mlangoni, na treni ya Kyoto ni kesho asubuhi. Kibao kiko kifuani. Nikifika nitampigia magoti, kwa kuwa ni kaka yangu na ni mzee. Akinitaka niseme nilikaa vibaya, nitamuuliza tena ile chaki aliichora nani.